Fremu nane: kisa cha mchoraji hodari aliyepewa kiti cha mwongozaji

Kabla ya kuanza

Nimeandika kisa hiki kwa ajili ya wale wanaokaribia kuhama kutoka meza ya kuchora kwenda kiti cha mwongozaji wa katuni za televisheni, na zaidi kwa wale wanaowahamisha. Majina, nchi, kituo cha televisheni na wahusika wa katuni yenyewe nimeviondoa au kuvibadilisha. Mwongozaji nitamwita M. Mimi nilikuwa mratibu wa ratiba, yaani yule mtu anayezunguka na jedwali akiuliza "imefika wapi?" mpaka watu wanaanza kumkwepa kwenye korido. Kwa hiyo nimo ndani ya kisa, na lawama nyingine ni zangu. Nitazifikia.

Alikotoka

M. aliingia katika fani kwa mlango wa chini kabisa: kuchora michoro ya kujazia. Mhuishaji mkuu, yaani anayeifanya michoro ionekane inajongea, huchora pozi la kuanzia na pozi la kumalizia, na anayejaza huchora hatua zote za katikati ili mkono uonekane umenyanyuka badala ya kuruka. Ni kazi isiyo na sifa, lakini humfundisha mtu kuuona uzito wa mwili. Baadaye akahamia storibodi na kukaa huko miaka sita.

Storibodi, kwa msomaji ambaye hajawahi kuishika, ndiyo filamu nzima kabla haijawa filamu: kibao baada ya kibao, nani amesimama wapi, kamera inaona nini, uso unasema nini. Kwenye storibodi M. alituzidi wote. Sisemi hivi ili kumfariji kabla ya kumkosoa. Ungempa ukurasa wa skripti wenye mistari mikavu ya mazungumzo, akurudishie vibao ambavyo hata bila sauti vinachekesha. Ndiyo sababu mwongozaji wa awali alipoondoka baada ya msimu wa kwanza, prodyuza hakutafuta mbali. Alimwita M. ofisini saa nne asubuhi, na kufika saa tano M. akawa mwongozaji wa msimu wa pili.

Makabidhiano yalikuwa hayo tu, saa moja.

Kazi aliyokabidhiwa

Msimu ulikuwa wa vipindi 26 vya dakika 11. Dakika 11 ni sekunde 660, na kwa televisheni inayokwenda fremu 25, yaani picha 25 moja moja, kwa sekunde, hizo ni fremu 16,500. Hata ukichora "kwa mbili", yaani kila mchoro ukae fremu mbili, bado unahitaji michoro 8,250 kwa mhusika mmoja tu anayejongea muda wote. Hakuna bajeti ya kawaida ya televisheni inayolipa hivyo, na haijawahi kuwepo. William Hanna na Joseph Barbera, waongozaji wa katuni wa Marekani, waliligusa tatizo hili mapema: kampuni ya filamu ya MGM ilipofunga studio yake ya katuni mwaka 1957, walifungua ya kwao na kugeukia televisheni, ambako fedha zilikuwa finyu mno kulinganisha na za sinema. Wakaugawa mwili vipande. Kiwiliwili kinatulia, kichwa kinageuka peke yake, mdomo unasema peke yake. Zile kola na tai shingoni mwa wahusika wao zilikuwa na kazi, kuficha mahali kichwa kilipotenganishwa na mwili. Nchini Japani, mchoraji Osamu Tezuka alipoanza mfululizo wa katuni wa kila wiki kwenye televisheni mwaka 1963, naye alishikilia mchoro mmoja kwa fremu nyingi zaidi na kujiwekea ghala la michoro ya kutumiwa tena na tena.

Ninawataja kwa sababu kila mwongozaji wa katuni za televisheni ni mrithi wao, ajue asijue. Anapokaa kwenye kile kiti, jambo la kwanza analopaswa kuamua ni wapi pasichorwe. M. alikuwa amelipwa miaka yote kwa kufanya kinyume chake.

Mtiririko wa kipindi kimoja ulikuwa hivi. Skripti inapitishwa, waigizaji wanarekodi sauti, storibodi inachorwa. Vibao vinapangwa juu ya sauti kwa urefu wake halisi, na hiyo ndiyo animatiki. Mwongozaji akiikubali, animatiki "inafungwa": hakuna tena kuongeza wala kupunguza. Kisha mtu wa chati anaandika fremu kwa fremu nani anafanya nini, mdomo uko katika umbo gani, kope zinashuka lini. Kifurushi chote kinasafiri kwenda studio ya ng'ambo, ambako wahuishaji wanajongesha vikaragosi vya kompyuta tulivyowatumia pamoja na mandhari. Kwetu kipindi kilikaa wiki nane, ng'ambo wiki nane, halafu uhariri, muziki na kuchanganya sauti. Na kila wiki mbili kipindi kipya kilianza.

Ukizipiga hesabu hizo utaona kwamba wakati wowote M. alikuwa na vipindi kumi hivi mikononi, kila kimoja katika hatua yake. Mchoraji wa storibodi hushika kimoja. Mabadiliko yenyewe ni hayo, na hakuna aliyemweleza.

Yaliyotokea

Storibodi ya kipindi cha kwanza ililetwa na mchoraji kijana, mwenye mkono mzuri lakini mwoga wa kuisogeza kamera. M. aliipitia, akakunja uso kwenye ukurasa wa tatu, akaondoka nayo jioni. Asubuhi alirudi na vibao zaidi ya mia vipya kabisa. Vilikuwa vya kupendeza kiasi kwamba prodyuza alichapisha kimoja na kukibandika ukutani. Tulipiga makofi. Nami nilipiga.

Cha pili vilevile, na cha tatu. M. alikuwa akichora upya karibu theluthi ya kila storibodi, usiku, baada ya siku nzima ya vikao. Kwa kuwa tarehe hazikuwa zimevunjika bado, sote tuliita jambo hilo bidii.

Kipindi cha nne kikamkuta bado anachora cha tatu. Cha tano kikamkuta na vya nne na tatu mezani, na animatiki mbili zinamngoja azitazame. Animatiki ya kipindi cha nne ilifungwa ikiwa imechelewa siku nne, ya tano siku tisa, ya sita karibu wiki tatu. Katika jedwali langu nilizipaka rangi ya chungwa, halafu nyekundu, nikalituma kwa barua pepe kila Ijumaa kama nilivyoagizwa. Kwamba rangi hizo zote zilianzia kwenye meza moja nililijua. Sikulisema kikaoni, kwa sababu mwenye meza alikuwa anapata usingizi wa saa nne tu kwa usiku na mimi nilikuwa napata wa saa nane. Aibu hiyo ilitugharimu.

Kitu kingine kilikuwa kinaendelea chini kwa chini. Wachoraji wa storibodi waliacha kujaribu. Yule kijana wa kipindi cha kwanza aliniambia siku moja tukisubiri lifti, bila hasira: "Nachora nikijua itafutwa, basi nachora haraka." Storibodi zikazidi kuwa dhaifu, na kadiri zilivyodhoofika M. alizidi kuona kwamba asipochora yeye hakuna atakayechora. Wachoraji wawili waliondoka kabla ya kipindi cha kumi.

Ng'ambo nako, studio ile ilikuwa imetutengea timu maalumu na kuipangia wiki zake. Kifurushi kikichelewa wiki tatu, timu haikai kuchezea vidole. Inapewa kazi ya mteja mwingine. Kipindi cha tano na cha sita vilipofika, vilishikwa na timu mpya isiyowajua wahusika wetu. Viliporudi, kipindi cha 14 ndio kwanza kinaanza kuchorwa, na zaidi ya theluthi ya shoti za kipindi cha tano, yaani vipande vya picha kati ya mkato mmoja na mwingine, zilihitaji kurudiwa. Midomo haikufuata maneno, kwa sababu M. alikuwa amebadilisha mistari miwili ya mazungumzo baada ya chati kuandikwa. Sauti za b, m na p zinadai midomo ifumbwe walau fremu mbili, la sivyo mtazamaji anahisi kuna kitu hakikai sawa hata kama hawezi kukitaja. Mhusika wetu alikuwa anasema "mama" kinywa wazi.

M. alikaa na orodha ya marudio na kuandika maelezo. Ninayo nakala yake. "Haichekeshi." "Pozi limelala." "Mpe uhai." "Bado." Ng'ambo mtafsiri aliyageuza maneno hayo kwa lugha yao kadiri alivyoweza, wahuishaji wakafanya walichokielewa, na shoti zikarudi zikiwa na makosa mengine.

Kipindi cha sita kilikuwa na balaa lake. Usiku mmoja, animatiki ikiwa imeshafungwa, M. aliongeza radi katika tukio la dhoruba: skrini nzima nyeupe, nyeusi, nyeupe, nyekundu. Ilikuwa na nguvu kweli. Kituo cha televisheni kikaikataa kwenye kipimo cha mimweko. Kipimo hicho hakikuzuka tu. Tarehe 16 Desemba 1997 nchini Japani, kipindi kimoja cha katuni kilionyesha mimweko ya kasi ya nyekundu na bluu kwa sekunde chache, na watu zaidi ya 600, wengi wao watoto, wakapelekwa hospitali. Tangu hapo vituo vingi havipokei picha inayomweka zaidi ya mara 3 kwa sekunde kwenye sehemu kubwa ya skrini, na vinakuwa wakali zaidi kwa rangi nyekundu. Angeiweka radi ile kwenye storibodi, mtu wa chati angeiona na kuihesabu. Iliingia kwa mlango wa nyuma, hakuna aliyeihesabu, na tulilipa kuipunguza fremu kwa fremu.

Alasiri ya mlango

Hapa nitakaa kidogo, maana ndipo kisa kilipogeukia.

Katika kipindi cha tano kulikuwa na shoti ya mlango. Mhusika anafungua mlango kwa shangwe, anaona kitu ambacho mtazamaji hakioni, anafunga mlango taratibu. Sekunde nne. Ndicho kichekesho kikubwa cha kipindi kizima, na kilikuwa kimekufa. M. alikuwa ameuchora uso wa mhusika mara saba: macho makubwa zaidi, nyusi juu zaidi, mdomo umepinda, jasho shavuni. Kila toleo lilikuwa mchoro bora kuliko lililotangulia na kila toleo lilikuwa halichekeshi.

Mtu wetu wa chati alikuwa mama mmoja aliyeifanya kazi hiyo tangu chati zinaandikwa kwa penseli kwenye karatasi ndefu. Alikuwa na tabia ya kugonga meza kwa ukucha akihesabu. Siku hiyo alikuja kuchukua kitu kingine kabisa, akasimama nyuma ya M. akitazama shoti ikijirudia.

"Mwanangu," akasema, "huyu kaona saa ngapi?"

"Hapo, mama. Macho yanapofunguka."

"Na anafunga saa ngapi?"

M. akamwonyesha. Kati ya kuona na kuanza kufunga mlango kulikuwa na fremu 12, karibu nusu sekunde. Yule mama akagonga meza mara kadhaa, akavuta kiti, akarudisha uso wa kwanza kabisa, ule wa yule mchoraji kijana ambao M. alikuwa ameufuta. Akauacha umekaa fremu 20 bila kujongea, isipokuwa kope kushuka na kupanda mara moja tu karibu na mwisho. Fremu nane zaidi. Theluthi ya sekunde.

Tulicheka. Mhariri aliyekuwa chumba cha pili alikuja kuuliza tunacheka nini, akaonyeshwa, naye akacheka. M. hakucheka. Aliirudia shoti ile mara kama kumi, kisha akauliza swali nililoliandika siku hiyohiyo: "Kwa hiyo uso haukuwa na kosa?"

"Uso unafikiri," yule mama akasema. "Ulikuwa humpi muda wa kufikiri."

Maamuzi na sababu zake

Kikao kilifanyika siku mbili baadaye. Prodyuza alikuja na njia tatu. Ya kwanza ilikuwa kumwondoa M. Hiyo ilikataliwa haraka, kwa sababu vipindi vinane vilikuwa vimebeba maamuzi yake na mgeni angehitaji wiki nyingi kuvielewa. Ya pili ilikuwa kuomba muda. Kituo kilikuwa kimeshatangaza tarehe ya kwanza ya kurusha, kwa hiyo hiyo nayo ikafa. Ya tatu ilikuwa kumwongezea msaidizi, na kila mtu aliipenda kwa kuwa haikumkera yeyote. M. mwenyewe ndiye aliyeikataa. "Mkinipa msaidizi," alisema, "nitachora upya na kazi yake."

Badala yake akapendekeza masharti juu yake mwenyewe, na tukayaandika.

Kwanza, hachori tena juu ya storibodi ya mtu. Maoni yake anayaandika kwa maneno, na akilazimika sana, kijichoro kisichozidi ukubwa wa kiganja pembeni mwa ukurasa. Kiganja kilichaguliwa makusudi: kijichoro kidogo kinaonyesha nia, hakiwezi kunakiliwa.

Pili, kila storibodi anaipitia mara mbili tu. Katika mzunguko wa kwanza anaweka alama kwenye kila shoti. Nyekundu, haipiti. Njano, inaweza kuwa bora lakini inapita kama ilivyo. Isiyo na alama, haiguswi. Mzunguko wa pili ni wa nyekundu pekee. Jambo hili linasikika dogo. Kwa mtu aliyezoea kuuona udhaifu wa kila mstari, kuandika njano na kugeuza ukurasa ni sawa na kupita penye bomba linalovuja na mikono mfukoni.

Tatu, na kwangu hili ndilo lililookoa msimu, katika kila kipindi chenye shoti 180 hivi anachagua shoti 20 za moyo. Hizo ndizo zenye haki ya kupewa michoro mipya, uso maalumu, mwendo kamili. Zilizobaki zinajengwa kwa akiba: mwendo wa kutembea uliokwishatengenezwa, mapozi yaliyoko kwenye maktaba, kichwa kujongea na mwili kutulia. Hakuna jipya hapo, ndiyo mbinu ileile ya mwaka 1957. Tofauti ni kwamba sasa uchaguzi ulifanywa kwenye storibodi na mtu mmoja anayejua hadithi inaelekea wapi, badala ya kufanywa ng'ambo na mhuishaji aliyeishiwa muda.

Nne, orodha ya marudio isiwe na neno linaloelezea hisia bila kutaja fremu. "Haichekeshi" ikapigwa marufuku. Badala yake: "Fremu ya 41 hadi 60, pozi likae, kope zishuke fremu ya 55." Na kando ya kila shoti iandikwe kosa ni la nani. Mkataba wetu ulikuwa kama mingi ya aina hiyo: studio ya ng'ambo inarekebisha makosa yake bure, ila mwongozaji wetu akibadilisha mawazo, tunalipa sisi. Mpaka hapo tulikuwa tumechanganya aina zote mbili katika orodha moja, tukigombana nao kila wiki.

Tano, kila Jumatano alasiri M. anakaa saa mbili na yule mama wa chati. Hakuna ajenda. Wanatazama animatiki mara moja bila sauti na mara moja bila picha.

Matokeo

Kuanzia kipindi cha 15 animatiki zilifungwa kwa tarehe, isipokuwa moja ambayo ilichelewa kwa sababu mwigizaji wa sauti aliugua koo. Vifurushi vikawahi, na ile timu ya mwanzo ikarudishwa kwetu. Marudio yakapungua, na yaliyobaki yakawa rahisi kuyamaliza kwa mzunguko mmoja. Tulipoanza kutenganisha makosa yetu na yao, orodha ilituaibisha: zaidi ya nusu ya tuliyokuwa tukiyalalamikia yalitokana na chati au mabadiliko yetu wenyewe.

Vipindi vya tano na sita vilisogezwa mbele katika mpangilio wa kurushwa ili vipate muda. Cha sita kilibaki kibovu hadi mwisho. Dhoruba iliyopunguzwa mimweko ilikuwa kama mtu anayewasha na kuzima taa ya korido bila haraka.

Msimu ulikamilika. M. hakupewa wa tatu. Kituo kilisema kinataka "mtazamo mpya", maneno ambayo katika biashara hii yana maana moja tu. Alirudi kwenye storibodi, safari hii akiwasimamia wachoraji wenzake, na baada ya miaka miwili akaitwa kuongoza mfululizo mdogo wa watoto wachanga, vipindi 13 vya dakika 7. Aliukubali kwa sharti moja: yule mama wa chati aajiriwe siku ya kwanza, kabla ya mchoraji yeyote.

Uchambuzi

Watu wengi ninaowasimulia kisa hiki wanaishia kwenye kauli moja: mchoraji mzuri si lazima awe mwongozaji mzuri. Kauli hiyo ni ya kweli, na haitusaidii chochote, maana M. alikuja kuwa mwongozaji mzuri. Kilichokwama kilikuwa kipimo. Kwa miaka yote M. alijipima kwa ubora wa kibao kilichoko mbele yake. Mwongozaji hana kibao mbele yake. Ana vipindi kumi vinavyosubiri aseme ndiyo au hapana, na kila siku ambayo hajasema inahesabiwa mahali asipopaona, kwa mhuishaji wa ng'ambo ambaye timu yake imeshahamishwa. Kibao cha wastani kilichokubaliwa Jumatatu kingetupa kipindi kizuri kuliko kibao cha kifalme kilichofika wiki tatu baadaye mikononi mwa wageni. M. hakuweza kuliona hilo kwa macho. Lilikuwa kwenye jedwali langu, na jedwali langu lilionyesha rangi bila kuonyesha sababu.

Hapo ndipo lawama yangu ilipo. Kama ningeweka safu moja zaidi, "iko kwa nani", kila mtu angesoma jina moja mara saba, na tungezungumza kwenye kipindi cha nne badala ya cha 14. Siku hizi safu hiyo ninaiweka kabla ya safu ya tarehe.

Prodyuza naye ana lake. Kubandika kibao kile ukutani kulimwambia M. kwamba kuchora usiku ndiko kunakopendwa, na kulimwambia mchoraji kijana kwamba kazi yake ilistahili kufutwa. Picha moja, ujumbe mara mbili.

Katika masharti yale matano, lililofanya kazi bila madhara ni la orodha ya marudio. Lugha ya fremu haihitaji mtafsiri. 55 ni 55 popote. La shoti 20 lilifanya kazi vizuri zaidi ya tulivyotegemea, ingawa vipindi viwili vya mwisho vilibana: M. alikuwa ameweka shoti nyingi za moyo mwishoni, na dakika tano za mwanzo zikawa baridi. La kutochora, kwa maoni yangu, tulilifanya gumu mno. Kuna kichekesho kimoja katika kipindi cha 19 ambacho M. alikijua, alijaribu kukieleza kwa maneno mara tatu, na mchoraji hakukipata. Dakika kumi za kalamu zingetosha. Sharti zuri lingekuwa na mlango mdogo: shoti tatu kwa kipindi, kwa mfano, na mchoraji mwenyewe akae pembeni akitazama. La alama za njano lilizaa ujanja. Wachoraji wawili walianza kulenga njano makusudi, wakijua inapita.

Kuna jambo jingine ambalo haliniachi nilale vizuri. Vipindi vitatu vya kwanza, vile ambavyo M. alivichora upya usiku, ndivyo vizuri kuliko vyote 26. Ndivyo kituo kilivyovitumia kuuuza msimu kwa vituo vingine. Kwa hiyo siwezi kuandika hapa kwamba kuchora upya kulikuwa hasara tupu. Tulilipia vipindi vitatu vizuri sana kwa kuharibu vitatu vilivyofuata, kupoteza wachoraji wawili, na kumnyima M. msimu wa tatu. Prodyuza ninayemheshimu anasema bei hiyo ilikuwa halali. Mimi sikubali, lakini yeye ndiye aliyelipa mishahara.

Kuhusu yule mama, nimeulizwa kwa nini asipewe kiti cha mwongozaji mwenyewe. Tulimuuliza. Alisema kiti kile kina vikao vingi. Jina lake hupita katika orodha ya mwisho wa kila kipindi kati ya mtu wa mandhari na mtu wa rangi, na hukaa kwenye skrini kwa sekunde moja hivi. Mara ya mwisho alinionyesha kwa ukucha kwamba wamempunguzia fremu nne.